Mkwe Hapigwi Kibao

Watu wakisikia kwamba niliwahi kucheza mieleka, hunitazama kwanza tumbo, halafu huuliza: ilikuwa ya kweli ile? Huwa nawajibu kwamba tulipangana nani ataanguka, lakini hatukupangana na ardhi. Ulingo wetu ulikuwa mbao zilizopigiliwa juu ya boriti, juu ya mbao magunia ya pumba za mpunga, juu ya magunia turubai, na pembeni kamba za katani tulizozifunika kwa mipira ya baiskeli ili zisituchune ngozi. Pumba nilizitoa mimi, kwa sababu kazi yangu tangu ujana ni kuendesha mashine ya kukoboa mpunga hapa Kilosa. Gunia la pumba likikaliwa miezi kadhaa hulala na kuwa gumu, na ukibwagwa juu yake unajua kabisa kwamba umebwagwa.

Sikucheza peke yangu. Tulikuwa wawili, na nisingekubali kucheza kwa namna nyingine. Mwenzangu ni mpishi. Ana mgahawa Mikumi, kando ya barabara kuu, madereva wa malori wanaposimama kunywa supu, na mikono yake ilijaa kwa kukanda unga wa chapati kila alfajiri. Yeye ni Mkaguru wa Mamboya, mtoto wa nyumba ya Kianglikana ambako kabla ya kula kuna sala na baada ya kula kuna sala ndefu zaidi. Mimi ni mjukuu wa Mnyamwezi aliyekuja kukata mkonge kwenye mashamba ya Kilosa akasahau njia ya kurudi. Na Mnyamwezi na Mkaguru ni watani. Tangu zamani, babu zetu walipokuwa wakipita Mamboya na mizigo kichwani kuelekea pwani, tumeruhusiwa kutukanana bila kukasirika, kuchukuliana vitu bila kuomba, na kuzikana.

Tulikutana mashineni. Alikuja kununua mchele wa mgahawa, akauchota kwa kiganja, akaunusa, akaniuliza kama nimeukoboa au nimeutafuna. Nikamuuliza kabila lake. Aliponitajia nilifurahi kama mtu aliyeokota kitu njiani.

"Ndiyo maana!" nikamwambia. "Weka chini hilo gunia, Mkaguru hajui kubeba. Kazi yenu ilikuwa kukaa mlimani mkitazama wenzenu wakibeba."

"Na babu yako alibeba akafika Kilosa, akachoka, akauangusha mzigo wa watu," akanijibu. "Mzigo wenyewe ndio wewe."

Kuanzia siku ile sikuwahi kumuuzia mchele bila kutukanwa, na wiki asipokuja niliona siku zinakwenda polepole.

Aliyetuingiza kwenye mieleka ni mwalimu mmoja mstaafu wa michezo ambaye mji mzima ulimwita Promota. Alikuwa na kenta kuukuu, lori dogo la kubebea ulingo, na spika mbili, na aliona jinsi vijana wanavyojazana kwenye vibanda vya video kutazama miamba ya nje ikitupana, akaona hata Kilosa ina watu wa kutupana. Alifika mashineni siku ambayo mimi na mtani wangu tulikuwa tunanyang'anyana gunia, kila mmoja ameshika upande wake, wateja wamesimama wanacheka wamesahau zamu. Akatutazama mpaka mwisho. Akasema mchezo wetu utakuwa wa wawili wawili: mmoja anapigana, mwenziwe anasubiri kwenye kona nje ya kamba, na haruhusiwi kuingia mpaka wagusane.

"Mazoezi hamhitaji," alisema. "Nyie endeleeni hivyo hivyo, mimi nitaleta wapinzani."

Pambano la kwanza lilikuwa Mikumi, kwenye uwanja wa nyuma ya maegesho ya malori. Wapinzani wetu walikuwa ndugu wawili kutoka Morogoro, wembamba, wepesi, wamevaa barakoa zilizoshonwa kwa shuka. Mpango ulikuwa nipigwe mimi kwanza, nipigwe hasa, watu wanihurumie, kisha nijivute kwa tumbo mpaka kwenye kona yetu, nimguse mwenzangu kiganja, naye aingie kulipiza. Nikapigwa kama ilivyopangwa. Nikajivuta. Nikafika kwenye kona nikiwa na pumba mdomoni, nikanyoosha mkono. Mtani wangu hakuutazama mkono. Aliinama juu ya kamba, akakitazama kipara changu kilichokuwa kinang'aa jasho, akakishushia kibao kimoja ambacho nadhani madereva walikisikia mpaka ndani ya malori.

"Toka huko, Mnyamwezi!" alipiga kelele. "Hata kupigwa hujui!"

Kisha akaruka kamba akaingia. Uwanja mzima ulicheka, wanawake wa vibanda vya matunda wakashikana mabega, na refa akabaki ameduwaa, kwa sababu kanuni zilisema tugusane, hazikusema wapi. Mimi nilikuwa nimelala nje ya kamba, masikio yanavuma, na nilikuwa nacheka kuliko wote.

Basi ikawa hivyo kwa miaka kumi na moja. Hatukuwahi kubadilishana kwa kiganja. Popote tulipokwenda, nikianza kujivuta kuelekea kona, watu walianza wenyewe: "Kibao! Kibao!" Zamu yake ilipofika nami nililipa, maana naye alikuwa ameanza kupata kipara, na mimi ndiye niliyekuwa mtu wa kwanza kumtangazia hadharani. Tulicheza siku za gulio, siku za mavuno, na mara moja kwenye uzinduzi wa kisima. Kijijini Tindiga tulicheza siku ya mnada wa ng'ombe, na mzee mmoja mfugaji aliyeona nimelaliwa na watu wawili alipanda ulingoni na fimbo yake kuamua ugomvi. Refa ndiye aliyekuwa wa kwanza kukimbia. Na siwezi kumsahau kijana mmoja mgeni kwenye mchezo, mwenye adabu zake, aliyenisogelea katikati ya ulingo kunikaba shingo, akaona nywele zangu chache zina mvi, akashindwa. Alininong'oneza, "Shikamoo, mzee." Nikamwambia, "Marahaba, mwanangu, kaba." Ndipo akakaba.

Nilikuwa mtu mwenye furaha. Naliandika hili wazi kwa sababu watu hudhani mwanamume wa umri ule anayekubali kubwagwa mbele ya watoto ana shida nyumbani. Sikuwa na shida. Mke wangu alinipaka mafuta ya nazi mgongoni kila Jumatatu, akinicheka, na Jumanne nilikuwa mashineni.

Lakini utani si wa ulingoni tu. Baba yangu alipofariki, mtani wangu alifika Kilosa kabla ya ndugu zangu wa damu. Hakunipa pole. Alipita moja kwa moja ndani, akatwaa kofia na koti la marehemu kwenye msumari, akavaa, akatoka nje akaketi kwenye kiti cha baba mbele ya waombolezaji wote. Akakohoa kile kikohozi cha baba, mara mbili kavu na moja ndefu. Kisha akaninyooshea kidole.

"Nani amempa huyu sahani kubwa namna hiyo? Nimekufa jana tu, tayari wameanza kula kwa nafasi!"

Shangazi yangu, ambaye alikuwa hajanyamaza kulia tangu usiku, alicheka mpaka akakalia kanga yake. Makaburini mtani wangu alilala juu ya udongo uliochimbwa, akasema Mnyamwezi hazikwi hapa mpaka Mkaguru apewe kuku, na tukampa kuku. Niliposimama pale nikamwona amelala kifudifudi na kofia ya baba kichwani, nilicheka, na kicheko kikageuka kilio, nikalia vizuri kwa mara ya kwanza tangu msiba uanze. Siku ile nilijiambia kwamba zamu yangu ikifika, huyu ndiye atakayevaa kofia yangu. Hilo lilinipa utulivu ambao sijaupata mahali pengine.

Sasa, mimi nina kijana wa kiume, fundi umeme. Mtani wangu ana binti, mwalimu wa shule ya msingi. Miaka yote ile sisi tulipokuwa tunapigana vibao ulingoni, hao wawili walikuwa wanakaa pamoja kwenye ubao wa nyuma ya kenta, wanatulindia nguo. Sisi tulidhani wanatazama mieleka.

"Shikamoo, baba," kijana wangu alinijia asubuhi moja mashineni, amevaa shati la kuchomekea. "Kuna jambo nataka tuongee." Alipolitaja jina la binti nilimkumbatia na pumba zangu zote. Nilidhani hakuna habari njema kuliko hiyo duniani. Nikarudi nyumbani naimba, nikamweleza mke wangu, naye akaacha kupepeta mchele, akanitazama.

"Baba watoto," alisema, "sasa huyo mkweo utampigaje kibao cha kipara?"

Nilicheka. Halafu nikakaa chini.

Kwa sababu mtani ni mtu unayemtukana, na mkwe ni mtu unayemheshimu hata akikanyaga mguu wako. Mbele ya mkwe hukai umekunja nne, hulaumu chakula, huinui sauti. Huwezi kuwa vyote viwili kwa mtu mmoja. Mshenga wetu alipopeleka barua ya posa, jibu lilitoka kwa mjomba wa binti, kwani kwa Wakaguru mjomba ndiye mwenye neno, baba hukaa pembeni akisikiliza. Mjomba huyo ni katekista wa Mamboya, mtu mrefu wa koti jeusi, mwenye sauti ya chini. Alisema posa imepokelewa kwa furaha, na sisi Wakatoliki na wao Waanglikana tutamalizana wenyewe juu ya ndoa ifungwe wapi. Ila jambo moja.

"Nyumba hizi mbili zilikuwa za utani," mshenga alituletea maneno yake. "Kuanzia leo ni za ukwe. Mkwe hapigwi kibao."

Promota alikuwa ameshabandika matangazo ya pambano la Mikumi. Alitusihi tucheze hilo moja la kuaga, tubadilishane kwa kiganja kama watu wengine. Mtani wangu akaomba ruhusa kwa mjomba, na mjomba akakubali. Tena akasema atakuja mwenyewe kutazama.

Akaja. Alikaa mstari wa mbele na koti lake, kofia magotini. Sisi tulianza vizuri. Nikapigwa, nikajivuta, uwanja ukalipuka: "Kibao! Kibao!" Nikafika kwenye kona. Mwenzangu aliinama juu ya kamba, akashika kiwiko cha mkono wake wa kulia kwa mkono wa kushoto, vile unavyomwamkia mtu mzima, akakigusa kiganja changu polepole. "Pumzika, mkwe," alisema.

Watu walizomea. Mimi nilikuwa nimepigwa na wawili kwa dakika kumi, na sikusikia maumivu mahali popote isipokuwa pale.

Zamu yake ya kupigwa ikafika. Nilisimama kwenye kona nimeshika kamba, nikimtazama anavyotambaa kuja kwangu, chapati nzima ya mtu, ameweka ule uso wake wa kuomba huruma ambao nilikuwa nimeuona miaka kumi na moja. Watu wakaanza tena: "Kibao! Kibao!" Naapa sikukusudia. Mazoea yana taabu. Mkono ulikwenda wenyewe, ukatua katikati ya kipara, paa!, na mdomo nao ukafuata: "Toka huko, Mkaguru! Rudi mlimani ukatazame!"

Uwanja ulicheka kuliko siku zote. Nilipoinua macho, mjomba alikuwa ameshasimama, ameshavaa kofia, anapita katikati ya watu kuelekea barabarani. Nikatazama nyuma ya kenta. Kijana wangu alikuwa amejishika kichwa, na binti alikuwa amefunika uso kwa mikono.

Maji yakimwagika hayazoleki. Kwa wiki tatu barua za mshenga hazikujibiwa, na kijana wangu alikuwa anakula kwa kugusagusa tu. Nilimwambia mke wangu kwamba nimevunja ndoa ya mwanangu kwa mkono wangu huu, naye hakunipinga. Hatimaye tukaitwa Mamboya. Nilipanda na jembe jipya na jogoo mweupe, kama tulivyoagizwa, nikaketi kwenye mkeka mbele ya wazee na mabibi wa ukoo, nikaomba radhi. Mjomba alinisikiliza. Akaniuliza kama nilikipiga kichwa cha mkwe wangu kwa dharau.

"Hapana, mzee," nikasema. "Nilisahau. Nilimpiga mtani wangu."

Bibi mmoja pembeni alijikohoza, nadhani alikuwa anaficha kicheko. Mjomba akafikiri, akasema yule mtani niliyempiga hayupo tena, na kama nimeelewa hivyo, jogoo anatosha. Jembe walilipokea, jogoo tukamla pamoja. Mwenzangu alikuwa amekaa upande wa pili, macho chini, shati limefungwa mpaka shingoni. Alininyooshea sahani kwa mikono miwili. "Karibu nyama, mkwe," alisema. Nikashukuru kwa heshima, nikala, na nilijua nimepata nilichokifuata na nimepoteza kingine.

Harusi ilikuwa nzuri, sitaki kuwanyima watoto sifa yao. Lakini mieleka iliishia pale. Promota aliuza kenta, mbao za ulingo zikageuka meza na mabenchi kwenye mgahawa wa Mikumi. Na mimi nikaanza maisha ya kuwa na mkwe. Nilipokwenda Mikumi alinitolea kiti kizuri, yeye akakaa kwenye kigoda mbali kidogo, tukazungumza kuhusu mvua. Alipokuja mashineni aliuchota mchele, akaunusa, akasema ni mchele mzuri. Haukuwa mchele mzuri! Ulikuwa umevunjikavunjika na yeye aliona, na mimi nilisimama pale nikitamani atukane hata mashine. Nilikuwa namwona kila mwezi, na nilikuwa nimemkumbuka sana. Wakati mwingine jioni niliifikiria kofia yangu pale msumarini, nikajiuliza nani atakuja kuivaa. Mkwe hawezi. Mkwe atakuja msibani amefunga vifungo vyote, atalia kwa adabu, basi.

Mwaka juzi tulipata mjukuu wa kike. Wazazi wake wanaishi Mikumi, karibu na mgahawa, kwa hiyo babu yake wa upande ule ndiye aliyekuwa akishinda naye, mama yake akiwa shuleni kufundisha. Mimi nilimwona kwa nadra. Pasaka iliyopita tukaenda, mimi na mke wangu, na mjomba wa Mamboya naye alikuwa ameshuka. Tuliketi kwenye yale mabenchi ya mbao za ulingo, wakwe kwa wakwe, tumenyooka, tunakunywa chai ya tangawizi na kusifia chapati. Mtoto alikuwa magotini kwa mwenzangu, mwaka mmoja na miezi kadhaa, mashavu kama ya babu yake wa Mikumi. Nilimsogelea nikainama kumsalimia.

Alinyoosha mkono akaivua kofia yangu kichwani, akaitupia mapajani kwa babu yake. Akakitazama kipara. Halafu akainua kile kiganja kidogo chenye mafuta ya chapati, akanishushia kibao.

"Toka!" alisema. Lilikuwa moja ya maneno matatu aliyoyajua.

Mama yake akataka kumkanya, kisha akaanza kucheka mwenyewe mpaka machozi. "Samahani, baba," aliniambia. "Kila siku wanacheza hivyo na babu yake. Anamwinamishia kichwa tangu hajaanza kutembea, anamwambia piga hapa, piga hapa. Mimi nilidhani anamdekeza tu."

Nilimtazama mwenzangu. Alikuwa ananyoosha kitambaa cha meza kwa kidole, amenyooka kama mlokole.

"Mimi sijakugusa, mkwe," alisema.

Wote tukamgeukia mjomba. Mzee akaweka kikombe chini, akafuta midomo. "Mjukuu ni mtani wa babu yake," alisema kwa ile sauti yake ya chini. "Huyo hana kosa." Na nikamwona, kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu, mabega yake yanatikisika kwa kicheko.

"Na kofia yangu?" nikamuuliza mwenzangu.

"Kachukua yeye." Alikuwa ameishika kwa mikono miwili juu ya paja lake, kwa uangalifu sana. "Mimi namshikia tu, mpaka akue."

"Mshikie vizuri basi," nikasema. "Siku moja ataihitaji."

Aliitikia kwa kichwa. Mtoto alikuwa bado ameinua mkono, anasubiri, nami nikainama nimpe na upande wa pili.